Aliyeingia na Gunia Akatoka na Kikapu

"Kwanza ujifunze kusema 'shamba', ndiyo uje kunifundisha kukubali! Kila siku 'samba, samba', hata haya huna!"

"Na wewe je, Mama Langat? Wewe ukitaka kusema 'basi' unasema 'pasi', watoto wanakimbia kukuletea nguo upige!"

Wachuma chai waliokuwa wakirudi kutoka kupima majani walisimama kijiani wakacheka. Kisha wakauona uso wa Mama Langat, wakanyamaza. Inspekta Nyamwange naye alisimama. Alikuwa ameiacha pikipiki ya kituo huko juu barabarani akashuka kwa miguu, kwa sababu kazi ilikuwa imemfunza jambo moja: ugomvi wa majirani, ukiusikia kabla haujakuona, unakuambia mengi kuliko mashahidi wa kuapishwa.

"Mtoto wangu nimemwona," Mama Langat alisema. Alikuwa upande wa juu wa ua, leso imemlegea kiunoni, kidole kimeelekezwa kwa mwenzake. "Kwa macho haya. Anacheka. Na jina la Phelix wako likapita pale mwisho wa filamu kwa herufi kubwa, ati tunamshukuru. Wanamshukuru kwa nini? Kwa kunifichia mtoto?"

"Phelix anapiga video za watu! Harusi anapiga, matanga anapiga. Akipiga video ya ng'ombe wako utasema pia amemwiba?"

"Huyo Phelix wako alianza kitambo. Hata jina la nyumbani la mtoto wangu hakulitaka. Nilimwonya mpaka nikachoka. Leo ndiyo najua: mtu akianza kwa kuchukua jina lako, mwisho atakuchukua wewe mzima."

Yule wa upande wa chini, Jerusa, ambaye Roret nzima ilimwita Mama Phelix, alishusha sauti. "Miaka mitatu, dada yangu. Miaka mitatu nalia na wewe. Mume wangu alipokufa akiwa bado anafanya kazi kiwandani, ni wewe ulinisindikiza mpaka kwetu ziwani kumzika. Nakuambia kwa sababu nakupenda. Kubali. Yule mtoto hayuko."

"Usiniite dada. Chakula changu hutaonja tena, na chako sitaonja, mpaka Phelix aseme Kiplangat yuko wapi."

Watu waliguna. Hawa wawili walikuwa wamepitishiana sufuria juu ya ua ule tangu watoto wao wakiwa wa kubebwa mgongoni. Nyamwange alikohoa, akavua kofia.

"Hodi hapo. Naona mimi ndiye nimechelewa."

Jambo lenyewe lilikuwa hivi. Kiplangat, mtoto wa pekee wa Chepkosgei, yaani Mama Langat, alitoka nyumbani siku moja ya mvua za Aprili akiwa na kikapu cha majani mgongoni, asirudi. Polisi walitafuta, wakachoka. Midomo ya watu haikuchoka. Huyu alisema amemwona Fort Ternan akipakia miwa, yule akaapa amemwona Longisa hospitalini, amefuga ndevu, anauza soksi. Baada ya muda hata uvumi ulinyamaza. Halafu Jumapili iliyopita, kwenye ukumbi wa kanisa, ikaonyeshwa filamu mpya kuhusu chai na watu wake. Katikati ya filamu Kiplangat akatokea, akageuka, akacheka, akainua mkono. Mama yake alipiga ukemi mpaka stima ikazimwa. Filamu ni ya mwaka huu. Basi mtoto wake ni mzima.

"Mama," Nyamwange alisema baada ya kukaribishwa kwenye kiti cha nje, "tuanze na paa. Uliniambia kwa simu habari ya paa."

"Banda la kupimia majani, afande. Siku zote lilikuwa kutu tupu. Mwaka jana ndiyo tulilipaka rangi ya kijani, mimi mwenyewe nikiwa kwa kamati. Sasa kwa filamu, kamera ilianza na paa. Kijani! Ikashuka polepole, mtu akapita na mzigo, na hapo hapo mtoto wangu. Haikukatika hata kidogo. Mahali pamoja, saa moja." Alimtazama Nyamwange kama mwalimu anayengoja jibu. "Wewe ni polisi. Niambie. Mtu aliyekufa miaka mitatu iliyopita atasimamaje chini ya rangi ya mwaka jana?"

Nyamwange alifungua daftari. Aliandika neno "paa" akalipigia mstari.

"Njoo uone kitu," Mama Langat alisema.

Ndani, kwenye msumari, kilining'inia kibuyu kilichofunikwa kwa kifuniko cha ngozi. Alikishusha kwa mikono miwili. "Nimekisugua na mkaa wa mti wa senetwet, kama inavyotakiwa. Maziwa yako ndani tangu Jumatatu. Kwetu mtoto akirudi kutoka mbali anapokewa na mursik, maziwa haya ya kugandishwa, hapewi chai ya haraka haraka. Akifika hatakuta nyumba bila kitu."

Nje, Jerusa alikuwa bado amesimama pale kwenye ua.

"Phelix yuko wapi, mama?"

"Kuna harusi Longisa, afande. Atarudi jioni. Kijana wangu hana neno."

"Siku ile alisema hakumwona Kiplangat kabisa."

"Akisema hakumwona, hakumwona," Jerusa alisema. Lakini alilisema akitazama chini.

*

Nelvine, mwenye filamu, alikuwa na ofisi Kericho mjini, ghorofa ya kwanza, juu ya duka la dawa za mifugo. Alikuwa msichana wa miwani mikubwa, na ukutani alikuwa amebandika cheti cha tuzo kutoka Nairobi. Alimkaribisha Nyamwange kwa furaha ya mtu anayefikiri amekuja kupongezwa.

"Filamu ni ya mwaka huu?"

"Ya mwaka huu, afande."

"Kila picha iliyomo ni ya mwaka huu?"

Furaha ilipungua kidogo. "Nyingine ni za maktaba."

"Maktaba ya wapi?"

"Si ya vitabu. Ndivyo sisi tunavyoita picha za zamani. Za harusi za watu, za makanisa, za simu. Naziomba, nazihifadhi. Filamu isiyo na jana yake inakuwa kama tangazo la sabuni."

"Nionyeshe pale mahali pa banda."

Alionyesha. Paa la kijani, jua limeliangukia. Kamera ikashuka kwenye mizani na foleni ya watu. Mtu mwenye mzigo akapita karibu sana, karibu mpaka skrini ikawa giza. Akaondoka. Na pale alipoondokea alikuwa amesimama kijana wa sweta ya rangi ya damu ya mzee, pengo kwenye meno ya mbele, akigeuka na kucheka. Chini yake kulikuwa na muziki wa kinanda, mtamu wa kuliza.

"Tena," alisema Nyamwange.

Akatazama tena. Akavuta kiti. Akatazama mpaka Nelvine akaanza kuchungulia saa ya ukutani.

"Huyu mpita njia. Msimamishe anapoingia."

Picha ikasimama. Mgongoni mwa mtu yule kulikuwa na gunia la nailoni, buluu.

"Sasa mpeleke polepole mpaka anapotoka. Hapo. Unaona nini?"

Ukingoni mwa skrini, kipande kidogo tu, zilionekana fito zilizosukwa.

"Mtu huyu," Nyamwange alisema, "ameingia na gunia, ametoka na kikapu. Chai aliihamisha saa ngapi, hatua moja na nyingine?"

Nelvine alicheka kwa kushangaa, kama mtu aliyekamatwa kwenye mchezo wa karata. "Hakuna aliyewahi kuona kiungo hicho! Hata walioitoa tuzo hawakukiona. Ni watu wawili, afande. Wa kwanza nilimpiga mwenyewe mwaka huu. Wa pili yuko kwenye picha ya zamani. Wote wawili wanafunika kamera, kwa hiyo nikawashonea kwenye giza."

"Vikapu viliachwa lini pale bandani?"

"Mwaka jana. Vilikatazwa wakati ule ule wa kupaka rangi."

Nyamwange alilifuta neno "paa" kwenye daftari lake. "Kwa nini hukuandika hapo chini kwamba ni picha ya zamani?"

"Ukiandika, watu wanasoma. Mimi nilitaka wahisi. Nilitaka wa zamani na wa sasa waonekane wako banda moja, siku moja."

"Kuna mama Roret amehisi vizuri sana. Ametengeneza mursik."

Nelvine alivua miwani. Alikuwa mtoto wa Kipkelion, hakuhitaji kuelezwa mursik hutengenezewa nani. Chini dukani watu walikuwa wakibishana kuhusu dawa ya kupe.

"Sikujua huyo kijana ni nani," alisema. "Naapa. Phelix aliniletea bure, hakutaka chochote. Aliniambia neno moja tu: hakikisha uso wake unaonekana."

"Alikuletea vipi?"

"Simu yake ya zamani. Kioo kimepasuka, mgongo umepinda, kama imekanyagwa na ng'ombe. Nilichomoa kadi nikanakili kila kitu."

"Kila kitu."

"Ndiyo. Ziko tatu. Hii ya banda. Nyingine, huyo kijana anavuka mto kwenye gogo, lakini ni mgongo tu, haina maana. Na ya mwisho mbovu, nyasi tupu. Nadhani alisahau kuzima simu ikiwa mkononi."

"Uliisikiliza?"

"Afande, tunakata bila sauti. Muziki ndio utakuja juu."

"Toa muziki. Weka sauti."

Nyamwange kwanza aliangalia tarehe na saa ya faili. Ilikuwa jioni ya siku ile ile ya Aprili. Phelix, ambaye hakumwona Kiplangat kabisa, alikuwa naye mpaka jioni.

Kisha Nelvine akabonyeza. Nyasi zilicheza kwenye skrini, kiatu kikatokea kikapotea. Mto ulikuwa unanguruma, umejaa. Juu ya ngurumo ikaja sauti ya kijana, karibu, ina kicheko ndani: "Leta nione. Aah! Uso hauonekani! Mgongo tu! Mama atauliza huyu ni mtoto wa nani." Mwenzake alijibu kitu, maji yakakifunika. Baadaye ilikuwa mto peke yake, muda mrefu. Halafu sauti ya pili, kali, imejaa mdomo:

"Rudia—"

Mvunjiko. Kimya.

Nelvine alikuwa ameweka mkono mdomoni. "Rudia," alisema kupitia vidole. "Hiyo ni lugha yetu ya kazi. Picha ikiharibika unamwambia mtu, rudia. Kiplangat alishavuka akarudi salama. Phelix hakupata uso. Akamwambia arudie."

Nyamwange alikuwa amesikia neno lile lile. Aliomba nakala ya sauti kwenye simu yake, akashuka ngazi, akapita katikati ya wabishi wa dawa ya kupe bila kuwasalimu, jambo ambalo hakuwa na mazoea nalo.

*

Phelix alishuka Roret saa kumi akiwa amevaa suti ya kukodi, ua la harusi la kitambaa bado limebanwa kifuani, begi la kamera begani. Alipomwona Nyamwange amesimama stendi hakuuliza kitu. Alimfuata mpaka kituoni, wakakaa kwenye benchi la nyuma, mahali wanapoanika nguo za mahabusu.

"Uliandikisha kwamba siku ile hukumwona."

"Nilidanganya."

"Kwa nini?"

"Wewe ungesema nini, afande? Mimi ni mtoto wa waliokuja. Baba amekufa, mama amebaki hapa na kipande chake cha ardhi. Nimpeleke mtoto wa wenyewe mtoni, halafu nirudi peke yangu? Nani angengoja nimalize kueleza?"

"Miaka mitatu umemwangalia mama yake akitafuta."

"Nimemwangalia." Alilitoa lile ua kifuani, akalikunja. "Nilirudi mtoni kila siku mpaka maji yakashuka. Sikupata hata kiatu. Halafu nikaona kama nikinyamaza, angalau yeye ana mahali pa kuweka matumaini. Nilikosea. Lakini mimi nilitaka watu wamwone mara moja, anacheka. Ndiyo maana nilimpa Nelvine. Alikuwa anataka sana kuonekana kwa filamu, huyo jamaa. Sikujua wataionyesha kama ya juzi."

Nyamwange aliweka simu kwenye benchi, akabonyeza. Phelix alisikiliza mto bila kuinua kichwa. Lilipofika lile neno, mabega yake yaliruka.

"Ulimtuma mara ya pili," Nyamwange alisema. "Mto umejaa, gogo limelowa, wewe unataka picha nzuri. Rudia."

"Sikusema rudia."

"Nimesikia. Nelvine amesikia."

"Mmesikia nusu. Nilisema 'Rudi, Aron.' Rudi! Simu nikaiangusha nikaikanyaga nikikimbia. Hapo ndipo ilikatika." Sasa maneno yalimtoka yote kwa pamoja. "Hakuniuliza. Alipoona ni mgongo tu alicheka, akasema ngoja. Nilidhani anaenda kuchukua kikapu. Nikageuka, nikamwona yuko katikati ya gogo, anatembea kinyumenyume. Kinyumenyume, afande! Ili uso uniangalie. Anauliza, sasa je? Sasa unaonekana?"

Nyamwange alichukua simu yake. Kisha akafanya kazi yake.

"Aron."

"Ndiyo."

"Nina jalada la watu wote waliohojiwa. Mama yake anamwita Kiplangat. Vijana wote wanamwita Langat. Mchungaji pia, Langat. Hilo Aron liko kwenye kitambulisho tu. Sasa leo, ukiwa umesikia sauti inayokatika kwenye 'a', ndiyo unamwita Aron. Linakufaa sana hilo jina, Phelix."

"Mimi nilimwita hivyo siku zote."

"Nani atathibitisha?"

Phelix alitazama nguo za mahabusu zikipepea.

"Aron," alisema.

"Mwingine."

"Mama yangu."

"Mama yako ni mama yako. Angesema hata kwamba ulimwita Musa."

"Basi hakuna."

Nyamwange alisimama. Kudanganya polisi kulikuwa kosa, na hilo lingefuata njia yake. Lakini kuanzia Roret mpaka Litein watu hawangeuliza habari ya kosa hilo. Wangeuliza neno moja tu. Kama lilikuwa "rudia", Phelix alikuwa amempeleka mtoto wa jirani kifoni kwa ajili ya picha, na Jerusa angehama kabla ya mahindi yake kukomaa. Kama lilikuwa "rudi", basi alikuwa amemwita nyumbani. Tofauti yote ilikuwa herufi moja, na mwenye jina alikuwa amekwenda na maji.

"Vaa koti," alisema. "Twende kwenu."

*

Jua lilikuwa limeanza kukaa juu ya chai walipofika, na moshi wa jikoni ulikuwa umelala chini kama kawaida ya saa ile. Phelix aliachwa kwenye kijia. Jerusa alipomwona alikimbia mpaka kwenye ua, leso mkononi, kisha akasimama, kwa maana Nyamwange alikuwa ameinua kiganja. Inspekta aliingia kwa Mama Langat peke yake.

Alimweleza habari ya gunia na kikapu. Alieleza polepole, akachora kwa kidole juu ya meza: huyu anaingia hapa, yule anatoka hapa, katikati ni giza. Mama Langat alifuata kidole chake.

"Vikapu vilikatazwa mwaka jana," alisema.

"Ndiyo, mama."

"Kwa hiyo paa ni la mwaka jana. Na mtoto wangu ni wa kikapu."

"Ndiyo."

Hakulia. Alipangusa meza pale kidole kilipopita, kana kwamba kulikuwa na maji yaliyomwagika. "Siku gani?"

"Siku ile ile. Kuna sauti, mama. Si lazima uisikie."

"Nimemsikia tangu yuko tumboni. Weka."

Nyamwange alikuwa amejipangia jambo moja njiani: hatamwambia mama huyu alichosema Phelix. Hatataja jina lolote. Shahidi ukimtilia neno mdomoni, atakurudishia neno lako. Aliweka simu mezani.

Mto ulijaa chumba. *Leta nione. Aah! Uso hauonekani! Mgongo tu! Mama atauliza huyu ni mtoto wa nani.*

Mama Langat alitabasamu. Lilikuwa tabasamu dogo la kuudhika, la mama anayesikia mtoto akimsema. Kisha maji, maji, maji. Kisha ile sauti kali, na mvunjiko.

Alisogeza kiti karibu na meza.

"Rudia," akasema.

Nyamwange aliinua macho. Kisha akaelewa kwamba anaombwa, akabonyeza tena.

Safari hii Mama Langat aliinamisha kichwa, sikio karibu na simu. Ilipokatika hakusogea. Kutoka nje ilisikika sauti ya Jerusa akimuuliza mwanawe kitu kwa Kijaluo, na kijana akianza kumjibu polepole.

"Unasikia anasema nini mwisho, mama?"

"Wewe unasikia nini?"

"Mimi si mtu wa hapa. Nataka sikio lako."

Alimtazama Nyamwange, akatazama mlango, akatazama kile kibuyu kwenye msumari. Kama angesema alichosikia Nelvine, hakuna mtu duniani ambaye angempinga.

"Alizaliwa jioni ng'ombe wakirudi," alisema hatimaye. "Ndiyo maana ni Kiplangat. Lakini darasani walikuwa akina Kiplangat wanne, huyu mtoto wa Jerusa akachanganyikiwa, akachukua jina la ubatizo. Kila asubuhi hapo kwenye ua, kabla jogoo hajamaliza: Aron! Aron! Nikamwambia, wee, huyo Aron ni wa mchungaji, wangu ni Kiplangat. Anasema ndiyo mama, kesho tena, Aron! Roret nzima, afande, ni mmoja tu alimwita hivyo. Nilichukia. Nilikuwa nikisikia hiyo 'A' inaanza natafuta kitu cha kumrushia."

Aliigusa simu kwa ncha ya kidole.

"Hiyo ni 'A' yake. Nimeisikia miaka kumi na zaidi. Anamwita. Anamwambia rudi." Sasa sauti yake ilivunjika. "Na mtoto wangu hakuwa mtu wa kukataa kuitwa. Kama angeweza angerudi."

Nyamwange alizima simu. Alitaka kusema kwamba kituo kingemhitaji Phelix kesho kwa habari ya taarifa ya uongo. Akaona hilo ni la kesho.

Mama Langat alifuta uso kwa leso, pande zote mbili, kama mtu anayejiandaa kutoka kanisani. Alikishusha kibuyu. Alikitikisa, akasikiliza, akafungua kifuniko akanusa.

"Yameiva," alisema.

Alitoka nacho mpaka langoni. Jerusa alikuwa ameshikilia ua kwa mikono yote miwili. Alikuwa ameshaambiwa, kwa maana alikuwa akilia waziwazi, bila kujificha. Phelix alikuwa nyuma yake, suti ya watu imejaa vumbi la kijia.

"Mama Langat," Jerusa alianza, "mimi sikujua, haki ya Mungu, mimi—"

"Wacha kelele, majirani watafikiri tunapigana tena." Mama Langat alifungua lango la fito. "Ugali uko motoni. Ingia unisaidie kusonga, mikono yangu haina nguvu."

Jerusa alipita. Phelix hakusogea.

"Na wewe," mama alisema. Aliinua kibuyu kidogo, kama mtu anayepima uzito wake. "Haya yalikuwa ya mtu anayetoka mtoni. Hakuna mwingine aliyetoka. Ingia ule, uniambie Aron alikuwa anacheka nini."